Godoro la kwini limegoma kukaa kwenye kitanda cha kwini

*"Mimi na mume wangu tumenunua karavani ya kukunja iliyokwisha tumika, ile ambayo paa lake huinuliwa na vitanda viwili vikavutwa nje, kimoja mbele na kimoja nyuma. Muuzaji alisema kimoja ni kwini na kingine ni kingi. Magodoro yaliyokuja nayo ni ya sponji ya inchi 3. Tulilalia juma moja, migongo ikalia. Tukanunua godoro la kwini la memori fomu (ile sponji inayofuata umbo la mwili), unene inchi 8. Halikukaa: upande mmoja umepanda juu ya turubai kama mkate uliofura ukamwagika nje ya sufuria. Wakati wa kufunga, paa likakataa kushuka. Mume wangu akalikalia, makomeo mawili kati ya manne yakashika, lakini upande wa godoro umebaki mwanya unaopitisha kidole. Yeye anasema sponji itabonyea yenyewe baada ya safari mbili tatu. Ana urefu wa futi 6 na inchi 2. Je, tumeuziwa kitanda cha uongo? Na tufanyeje ili tulale?"*

Kwanza mwambie bwana ashuke kwenye paa. Nilicheka kidogo nilipofika hapo, lakini jambo lenyewe si la kuchekea. Katika karavani nyingi za aina hii paa huinuliwa na nyaya za chuma zinazopita kwenye makapi mpaka kwenye nguzo nne za pembeni, na nguzo hizo zimepangwa zipande pamoja na zishuke pamoja. Mtu akilikalia upande mmoja huku upande wa pili umezuiwa na godoro, paa linakaa mshazari: nguzo zinapindika, waya mmoja unalegea na mwingine unakaza. Siku mtakayozungusha hendeli kulipandisha tena, ule uliolegea unaweza kuwa umeshatoka kwenye kapi lake. Na msiivute barabarani makomeo mawili yakiwa wazi. Upepo wa mwendo huingia kwenye mwanya huo huo unaopitisha kidole na kulisukuma paa juu, na makomeo mawili hayakuwekwa yabebe kazi ya manne.

Sasa tuje kwenye kitanda. Hamkuuziwa kitanda cha uongo. Mliuziwa jina, na majina ya vitanda hayaaminiki. Kwini ya nyumbani, kwa vipimo vya Marekani, ni inchi 60 kwa 80, yaani sentimita 152 kwa 203. Kingi yao ni 76 kwa 80. Ukivuka kwenda Uingereza, godoro linaloitwa kingi ni sentimita 150 kwa 200, ambalo Mmarekani angeliita kwini bila kusita. Kwenye karavani na magari ya kambi hali inazidi kuchanganya: kuna "kwini fupi" ya inchi 60 kwa 75, na katika karavani za kukunja neno kingi mara nyingi hubandikwa kwenye kitanda chenye upana wa inchi 70 hivi, pungufu kwa inchi 6 kuliko cha nyumbani. Hata kile kinachoitwa dabo, ambacho nyumbani kina upana wa inchi 54, kwenye karavani ndogo hushuka mpaka karibu 48. Mtengenezaji hakukusudia kuwadanganya. Alikuwa anatafuta neno la kumwambia mnunuzi kwamba kitanda hiki kinalaza wawili kwa nafasi na kile kinalaza wawili kwa kubanana.

Vipimo hivyo vya ajabu vina sababu, na ukiielewa hutahitaji kumwuliza muuzaji tena. Karavani ikifungwa, vitanda vyote viwili vinarudi ndani ya boksi na kukutana katikati. Vimelala kukingama: mchago uko ubavu mmoja wa karavani na miguu inaelekea ubavu wa pili. Kwa hiyo upana wa vitanda ndio unaokula urefu wa boksi. Boksi la futi 8 lina inchi 96. Gawa kwa mbili, unapata vitanda viwili vya 48, na hiyo ndiyo dabo yao. Boksi la futi 10 linatoa viwili vya 60. Kwenye la futi 12 kuna inchi 144, na hapo mtengenezaji anaweza kuweka kimoja cha 70 na kingine cha 60 na bado akabakiwa na nafasi ya fremu na reli. Urefu wa kulala nao unatokana na upana wa karavani, ambao mara nyingi unakaribia futi 7, yaani inchi 84. Toa unene wa kuta, unabaki na 80, na wakati mwingine 78 au hata 76. Ndiyo maana godoro lenu limepanda juu ya turubai. Ningeshangaa kama ubao wenu ungefika 60 kwa 80 kamili, na hata ungefika, godoro la dukani lililofura pembeni halina pa kwenda.

Kwa hiyo pimeni ubao, msipime godoro la zamani. Sponji iliyokaa miaka huwa imesinyaa pembeni, na aliyeikata mara ya kwanza huenda naye alikosea. Vuteni kitanda mpaka mwisho, wekeni nguzo za chini za kukishikilia, ondoeni godoro, kisha pitisheni futi kamba juu ya ubao sehemu tatu kwa upana na sehemu tatu kwa urefu. Angalieni na pembe, kwa maana vitanda vingi vina pembe za nje zilizokatwa au kuviringwa ili turubai lisichanike. Kipimo kidogo kuliko vyote ndicho cha kufuata, na hicho nacho kipunguzeni sentimita 2 kila upande. Nafasi hiyo ni ya mkono unaochomeka shuka, na ni ya turubai pia. Godoro likilisukuma turubai kwa nje, usiku wa mvua maji hupenya pale pale linapogusa. Turubai lililolowa hukaa bila kuvuja mpaka kitu kiliguse kwa ndani. Likiguswa, maji hufuata mguso kama mafuta yanavyofuata utambi, na mtaamka na ukingo wa godoro umelowa bila kuona tundu lolote.

Hayo ni marefu na mapana, na yangerekebishika kwa kisu. Kosa lenu hasa liko kwenye unene.

Godoro la karavani ya kukunja lina kazi mbili: kukulaza usiku, na lenyewe kulazwa chini ya paa mkiwa safarini. Hii ya pili ndiyo inayoamua unene, hata mgongo ulalamike vipi. Kati ya ubao na paa lililofungwa kuna nafasi finyu, na ndani yake lazima litoshee godoro, turubai lililokunjwa na matao yake. Viwandani huweka sponji ya inchi 3 au 4 kwa sababu nafasi yenyewe ilipimwa hivyo. Ninyi mmeweka 8.

Mume wako anasema itabonyea. Sponji inabonyea, ndiyo, lakini haibonyei bure. Sponji ya godoro ya ugumu wa kawaida, ili uipunguze kwa asilimia 40 ya unene wake, inataka msukumo wa kati ya kilo 200 na 400 kwa kila mita ya mraba. Godoro lenu lina mita za mraba 3 na kitu. Piga hesabu: tani nusu na zaidi, huenda hata tani nzima, na hapo hujafika nusu ya unene. Memori fomu hulegea kiasi ikibanwa polepole, ndiyo maana makomeo mawili yalikubali, ila haiachi kusukuma. Inakaa pale chini siku nzima ikilisukuma paa kutoka ndani. Komeo linajipinda taratibu, mpira wa kuzuia maji kwenye ukingo wa paa haukandamizwi sawasawa, matao ya turubai yanachapwa, na turubai linabanwa mkunjo ule ule kila safari mpaka linachanika. Godoro nalo, likifungiwa hivyo juma zima, linaweza kukosa kurudi lilivyokuwa. Mtakuwa mmeharibu vitu vitano kwa kununua kimoja.

Kuna na uzito. Godoro la kwini la sentimita 20, lenye msongamano wa kilo 50 kwa mita ya ujazo, lina kilo 31. Sponji ya sentimita 10 ya kilo 40, ikikatwa kwa ubao wenu, haifiki kilo 12. Kitanda cha kuvuta kinaning'inia nje ya karavani kwa reli na nguzo mbili, na kina kikomo cha uzito kilichoandikwa kwenye kibandiko, mara nyingi kwenye fremu yenyewe au ndani ya mlango. Kikomo hicho kinahesabu watu, godoro, mablanketi na mtoto anayekuja kuruka asubuhi. Kisomeni kabla ya yote. Kama kibandiko kimebanduka, tafuteni kitabu cha karavani kwa jina la modeli na mwaka wake, msikisie.

Basi tujue nafasi mliyo nayo ni kiasi gani. Njia ninayoitumia ni ya kitoto lakini haijawahi kuniangusha. Chukueni udongo laini wa watoto wa kufinyanga, au hata unga uliokandwa mgumu, mfinyange mabonge sita yenye kimo cha sentimita 15 hivi, kila moja ndani ya mfuko wa plastiki. Ondoeni godoro. Yapangeni juu ya ubao: manne karibu na pembe, mawili katikati. Rudisheni kitanda ndani, kunjeni turubai kama mnavyolikunja siku zote, kisha shusheni paa polepole kwa hendeli mpaka litulie lenyewe. Pasiwe na mtu wa kulisaidia juu, na komeo lisifungwe. Inueni tena, mpime kila bonge limebakiwa na kimo gani. Bonge fupi kuliko yote ndiyo nafasi yenu. Mkipata sentimita 11, godoro ni la sentimita 10, si zaidi. Huwa naona bonge la pembeni likiwa limebapa kama chapati wakati la katikati limesimama, kwa sababu turubai hurundikana pembeni. Wakati mwingine dawa ni kujifunza kulikunja vizuri tu, na sentimita 2 zinapatikana hapo bila gharama.

Pengine sasa unajiuliza: kama tumerudi kwenye inchi 4, migongo yetu itaponea wapi?

Hapo ndipo watu wengi hupotea. Unene si raha. Godoro la inchi 3 liliwatesa kwa sababu limechoka, na pengine lilikuwa hafifu tangu lilipotoka kiwandani. Jaribuni hivi: liwekeni juu ya ubao, piga goti moja juu yake, uegemeze uzito wako. Ukiusikia ubao kwenye goti, basi usiku nyonga zako zinausikia vilevile, na mwili unakesha ukijigeuza kuukimbia. Sponji hiyo imekufa. Kuiongezea shuka la pamba juu ni kumvika maiti.

Mkienda kununua sponji mpya mtakutana na namba mbili ambazo hata wauzaji huzichanganya. Msongamano, yaani kilo kwa mita ya ujazo, unakuambia ndani ya sponji kuna mali kiasi gani, na kwa hiyo itadumu muda gani kabla haijachoka. Ugumu ni jambo jingine kabisa: ni nguvu inayohitajika kuibonyeza. Kuna sponji nzito iliyo laini na kuna nyepesi iliyo ngumu kama ubao, na hii ya pili hulegea mapema. Kwa unene wa sentimita 10 juu ya ubao mtupu, mimi huchagua sponji yenye mrejeo mzuri, yaani inayorudi upesi ikibonyezwa, msongamano wa kilo 35 hadi 40 au zaidi, ugumu wa kati kuelekea mgumu. Laini mno itawashusha mpaka chini, na mtarudi pale pale mlipoanzia.

Anayelala ubavu, ambaye bega na nyonga humwuma, anaweza kugawanya: sentimita 7 za sponji ngumu chini na 3 za memori fomu juu, ndani ya foronya moja ya godoro. Ila memori fomu ina tabia moja ambayo dukani hawakutajii: hulainika kwa joto na kukakamaa kwa baridi. Usiku wenye baridi, ndani ya kuta za turubai, utaikuta ngumu kama sabuni ya mche mpaka mwili uipashe moto. Kwa anayesafiri majira ya joto tu si tatizo. Kwa wengine ningeiacha.

Njia nyingine nzuri ni kubaki na sponji ya kukaa humo siku zote, ya inchi 3 lakini mpya, kisha juu yake kutandika mkeka wa kambi unaojijaza hewa, ambao asubuhi mnautoa hewa, mnauviringisha na kuuweka sakafuni kabla ya kufunga. Ni kazi ya ziada ya dakika kumi kila mnapohama, na wapo wanaochoka nayo safari ya tatu. Kama huwa mnatulia sehemu moja siku nne au tano, mimi ningeichagua hiyo. Godoro tupu la hewa, lisilo na sponji ndani, silipendi kwa kazi hii. Hewa iliyo ndani yake huzunguka na kubeba joto la mwili kulipeleka chini kwenye ubao wa baridi, halafu hewa hiyo yenyewe husinyaa: nyuzijoto zikishuka kutoka 25 jioni hadi 8 alfajiri, hupungua kama asilimia 6, na mnaamka mmetumbukia katikati mkidhani limetoboka. Godoro la springi lisahauni; ni nene, ni zito, na halifai kubanwa chini ya paa.

Msiruke suala la unyevu, kwa sababu ndilo linaloua magodoro ya karavani kuliko uzee. Chini ya kitanda kilichovutwa nje hakuna chumba, kuna upepo. Ubao hupoa. Mvuke wa miili yenu hupita kwenye sponji usiku kucha, ukifika chini hugusa ubao wa baridi na kuwa maji. Inueni kona ya godoro asubuhi mpitishe kiganja. Mkisikia umajimaji mtajua ninachosema. Siku ya pili mkifunga karavani na maji hayo ndani, mmeotesha ukungu. Wekeni wavu mnene wa kupitisha hewa kati ya ubao na godoro kama nafasi inaruhusu (kumbukeni bonge la udongo, kila sentimita inahesabiwa), na kila asubuhi simamisheni godoro kwa ubavu walau nusu saa, zipu za madirisha zikiwa wazi. Kuna wanaotoboa matundu kwenye plaiwudi. Msifanye hivyo bila kuuliza, kwani ubao huo ndio unaowabeba.

Kuhusu urefu wa mume wako: futi 6 na inchi 2 ni sentimita 188. Kwenye ubao wa 198 anaenea, lakini aliyelala chali na vidole vya miguu vimenyooka huongeza sentimita kumi hivi, na mto humsukuma chini zaidi. Atagusa turubai kwa miguu au kwa kichwa. Mpe kile kitanda kirefu zaidi kwa kipimo, si kwa jina. Mara nyingi kingi na kwini za karavani moja zina urefu uleule, na tofauti yake ni upana tu. Alale mshazari kidogo kwenye kile kipana. Na anayeamka usiku kwenda haja alale upande wa ndani, la sivyo atamvuka mwenzake kwa magoti kila saa nane.

Jambo ambalo hamkuuliza, nalo huchangia migongo kulia: je, karavani ilikuwa imesimama sawa? Kwa kuwa mnalala kukingama, ikiinama ubavu wa mchago, vichwa vinakuwa chini kuliko miguu, damu inakimbilia kichwani na mtaamka na kichwa kizito. Ikiinama mbele au nyuma, mnabingirikiana usiku kucha. Wekeni pima maji juu ya ubao wa kitanda wenyewe, kwa njia zote mbili, kabla ya kutandika.

Kabla ya safari nyingine ningempelekea fundi wa karavani hiyo yenu, kwa sababu ya lile paa lililokaliwa. Aangalie nyaya kama kuna nyuzi zilizokatika, aone kama nguzo zote nne zinapanda kwa kimo kimoja, na makomeo kama yamejipinda. Msijaribu kukaza waya wenyewe paa likiwa juu na mtu ndani. Paa hilo lina uzito wa kuvunja mkono. Mwoneni pia ikiwa ubao wa kitanda unalia, unabonyea kwa kidole karibu na ukingo, au una alama nyeusi za maji, kwa kuwa plaiwudi iliyooza haitoi onyo la pili. Na kama baada ya kulala juma zima kwenye kitanda chenu cha nyumbani mgongo bado unauma, au maumivu yanashuka mguuni na ganzi, hilo si la fundi wala la sponji. Nendeni kwa daktari. Ganzi sehemu za siri au kushindwa kuzuia haja ni la kukimbilia hospitali siku hiyo hiyo.

Lile godoro la inchi 8 msilikate kulipunguza unene. Memori fomu nene ikipasuliwa ubavuni kwa kisu cha jikoni hutoka na mawimbi, na mtalala juu ya matuta. Litandikeni kwenye chumba cha wageni. Huko halina paa la kupigana nalo.